Vyandarua Viwili vya Garsen

Dada Zuhura,

Nakusalimu kutoka Garsen. Mwili mzima, ila nina hasira nyingi.

Huyu bosi wangu wa filamu alipiga picha ng'ombe wa Mzee Godana, kisha siku nyingine akapiga mahindi ya Bi Hadija. Leo mchana, kwenye ghala lililofungwa madirisha, kanitundikisha vyandarua viwili, kimoja mbele ya kingine. Akamulika picha za ng'ombe kwenye cha mbele, za shamba kwenye cha nyuma, na kamera ikawa inachukua yote pamoja. Ukitazama, ng'ombe wanatembea ndani ya mahindi! Ati hiyo ndiyo sanaa mpya, vya mbali na vya karibu vikae mahali pamoja.

Mzee Godana, aliyeitwa na Bi Hadija kuja kutazama, akasimama: "Ng'ombe wangu walipita malka!" Malka ni njia ambayo wakulima huwaachia wafugaji wafikie mto. Kwa ajili ya njia hiyo watu hapa wameshaumizana. Katika filamu haipo kabisa; mtazamaji ataamini ng'ombe wamevamia shamba.

Bosi akacheka, akasema hawa hawaelewi filamu. Wallahi nilitamani nimrarue. Bi Hadija ndiye aliyemjibu, taratibu: "Vyandarua viwili naviona, mwanangu. Huko unakoipeleka filamu hii, nani ataviona?"

Kazi nimeacha. Kesho nipo kwenye basi la Malindi. Nibusie watoto, uniwekee samaki wa kupaka, na tafadhali usimwambie mtu kwamba aliyevitundika ni mimi.

Nduguyo,
Athmani