Daktari Amekataza Chumvi

Jumatatu, 4 Machi
Nimerudishwa kutoka hospitali! Mimi, niliyewahi kuinua lori kwa bega huku nabadilisha tairi kwa mkono wa pili! Daktari kasema mtoto wa jicho amekomaa, ila presha iko juu mno. Hapasui mpaka ishuke. Nirudi Jumatatu ijayo. Jicho la kushoto lilikwisha zamani. Hili likifa nalo, pancha nitaziba kwa kunusa?

Halafu akasema: punguza chumvi. Nikashtuka. Nani kamfikishia habari zangu? Nikaungama palepale — lori lilikuwa tupu, na jeki ilisaidia kidogo. Mpwa wangu, aliyenishika mkono, kacheka mpaka kakaa chini. "Mjomba, chumvi ya kwenye mboga!"

Jumanne, 5 Machi
Daktari kaagiza pia nitafute mahali patulivu, nikae tu. Nimekwenda kijitoni, nyuma ya banda langu la matairi. Jiwe, majani, maji. Hakuna wa kumsimulia. Nikawapigia vyura hadithi ya lori. Wakanyamaza wote. Wivu.

Jumatano, 6 Machi
Mpwa kasema hiyo si dawa. Kijitoni nisitoe neno. Hata moja! Nimeng'ata jani ili mdomo uwe na kazi.

Kwanza masikio yalivuma kama kompresa. Kisha ikazimika. Ajabu — maji yana sauti mbili. Ya juu, kwenye kokoto, inacheka. Ya chini inaguna, kama mtu aliye usingizini. Miaka yote nachota hapa maji ya beseni la pancha, sijawahi kuisikia hiyo ya chini.

Ijumaa, 8 Machi
Kwa jicho langu hili kila tone la umande lina pete. Mti si mti, ni moshi wa kijani unaopumua. Nikapumua nao. Sijui nililala au vipi.

Ndege akatua juu ya kiatu changu! Wa buluu. Akajichokoa bawa, akatikisa mkia, kana kwamba mimi ni gogo. Basi nikawa gogo.

Nyumbani mpwa akauliza nimeona nini. Ndege, nikasema. "Mkubwa kama nini leo, tembo?" Wa kuenea kwenye kiatu. Akanigusa paji la uso, eti nina homa.

Jumapili, 10 Machi
Manyunyu. Sikuondoka jiweni. Naogopa kesho.

Jumatatu, 11 Machi
Naandika kwenye goti, herufi kubwa kama viatu. Wamepima: presha imeshuka, lakini haijatosha. Nesi kasema, Mzee, kapumzike nje kidogo, tutapima tena. Ikikataa, ni kurudi nyumbani na giza langu.

Niko nyuma ya hospitali, kwenye nyasi. Bomba linavuja, tone, tone. Fundi mzima nimeliacha livuje. Chini ya pua yangu sisimizi wanaburuta bawa la kipepeo. Linasimama, linalala, linasimama.

"Mjomba, unaitwa! Au umetoroka?" Mpwa huyo. Nimemwinulia kiganja: ngoja. Kaja juu, kafoka, kisha kaona. Kachuchumaa.

Sisimizi wamefika kwenye ufa wa saruji. Wa mbele katumbukia. Bawa limekwama. Nesi anaita tena. "Watavuka?" ananong'ona mpwa. Sijui. Zamani ningeshamwambia wamevuka bahari. Moyo wangu siusikii kabisa, kama haupo.

Viatu vya nesi vinakuja huku, na mashine yake ya kupimia presha. Bawa linainuka —