Lorine na Sonata Isiyo na Mwenyewe

Risper, Lorine ametolewa kwa mashindano ya muziki. Bado siamini.

Hapa Homa Bay alishika violin, na kabla acheze ile sonata akamwaga pakruok, zile sifa za majigambo za Kiluo, akimsifu mtunzi kama mwana wa jirani: "Bach wuod Ujerumani, ng'ombe zake zimejaa boma!" Watu walicheka wakashangilia.

Alipomaliza jaji akamuuliza, "Nyathina, mtoto wangu, nani alikwambia ni ya Bach? Hata wataalamu wanabishana."

Risper, wataalamu wenyewe!

Na sheria ya mashindano inataka mtunzi ajulikane. Jaji akamsukumia fomu: "Saini tu kuwa ni ya Bach, uende fainali Nairobi."

Lorine akakataa. "Labda nimeshampa mtu sifa za mwingine mbele ya watu. Siwezi rudia kwa karatasi."

Sasa analia hapa kando yangu, na siwezi kumwambia alikosea.