Watoto Wasiopiga Makelele

Mama yangu mupenzi,

Nakusalimia sana toka huku Bunia, weye na wote wa nyumba pale Butembo. Magoti yako iko aje na ile baridi? Siye tunapumua, Mungu iko. Naandika kwa sababu ku telefone watoto wananisikia, nyumba yetu iko ndogo. Barua nimemupa shofere wa kamyo ya maharagi.

Nianze na sifa, unanijua. Esther amekuwa tena wa kwanza ku masomo. Anaamuka mbele yangu, anapika uji, anaosha mudogo wake Baraka, na yeye ana miaka kumi tu. Mu avenue yetu hakuna watoto wa adabu kama wangu. Jirani yangu Mama Riziki anasemaka: "Wako hawapige hata makelele. Unawalisha nini?" Najibu: "Malezi ya Butembo." Nilikuwa natembea kichwa juu kwa ile.

Sasa sikia. Bwana yangu hafanye kazi yake ya useremala tangu mavuno ya maharagi. Mbao zake ziko mu lupango, pale inje ya nyumba, mulango mutu aliagiza haijaisha, mvua inaipiga. Asubui anageukia ukuta. Watu wanauliza: nani alikufa? Hakuna mutu alikufa. Hanywe pombe, hanipige. Ndugu zake wanasema ni uvivu, wengine alirogwa. Mimi nilikuwa nasema alienda Marabo kutafuta mbao.

Juma iliyopita watoto walicheza mama na papa nyuma ya nyumba. Binti wa Mama Riziki anamuambia Baraka: "Weye papa, uende kazi."

"Papa haendake kazi." Akalala chini, uso ku ukuta.

Mama Riziki akacheka: "Papa gani huyu, kama gunia ya mihogo?" Na mimi nikacheka. Ndipo Esther akatoka mu jikoni, akamufunika Baraka na kitenge, akaambia wale wengine: "Muongee polepole."

Mama, Esther hakuwa anacheza.

Kesho yake nikamuvalisha bwana shati ya kanisa, nikamufikisha kwa munganga wa hospitali. Yeye hakumucheka. Alisema huzuni ya namna ile ni ugonjwa, iko na dawa, lakini lazima arudi kila juma waongee. Ku njia bwana akaniuliza kitu kimoja tu: "Watoto wananiogopa?" Na mimi mwenye kinywa unachokijua, nikamufunga tu kifungo ya shati. Sasa anakataa kurudi kule. Hiyo ndiyo inaninyima usingizi.

Kila mara unaniomba nikutumie Baraka akae kwako. Hapana, Mama, usinichukulie mutoto. Kuja weye. Siye wote ametukatalia, lakini mukwe hawezi kumukatalia mama mukwe. Ukisimama ku mulango useme "tuende kwa munganga", atavaa viatu. Na ukuje na kile kicheko chako, kile kilifanya wakufukuze mu korali.

Unisalimie kaka Kambale mwenye kinu ya mahindi, na shangazi Masika mushonaji. Uwaambie Esther iko wa kwanza. Ile ingine ibaki kwako.

Esther amenikuta naandika. Ameuliza juu ya bibi yake, ni weye: "Koko akikuja, tutamuambia anyamaze?"

Nimemujibu: "Koko yako hanyamazake. Hata papa anajua."

Ameenda kumuambia Baraka. Nimemusikia toka hapa, hakunongona.

Binti yako anayetazama njia,
Kavira, Mama Esther