Televisheni ya Baba Ilizimwa, na Hakuna Aliyekufa

Mpendwa Shangazi Gwantwa, shikamoo, mimi ni msomaji wako wa hapa Tunduma, naomba unisaidie kabla sijaharibu, maana udadisi umenishika mpaka chakula hakipiti. Baba yangu, mzee Mbonile, ndiye mwenye ile televisheni ndogo ya hapa mjini, aliianza na dishi moja juu ya bati la nyumba yetu, nyaya zikipita nguzo kwa nguzo mpaka mtaa wa Sogea, leo tuna kamera na watangazaji, tunarusha harusi, mahubiri, bei ya mahindi na foleni ya malori mpakani, na Jumamosi hii tunaadhimisha miaka ishirini na tano, mimi ndiye nimepewa kipindi cha historia na kumhoji baba mubashara.

Sasa Shangazi, studio iko uani kwetu, na baba ana mwiko wake, tukifiwa anazima mitambo mpaka tuanue matanga, anasema hawezi kuwapigia watu muziki huku kwake wanalia, kwa hiyo mji mzima unajua, picha ikipotea wanaulizana nani katutoka kwa Mbonile. Alipokufa babu ilizimwa, alipokufa bibi ilizimwa. Lakini majirani wananiambia ilizimwa mara nyingine, siku kadhaa, nilipokuwa darasa la kwanza, wakaja na unga na kuni kutoa pole, baba akawarudisha getini, "Hakuna msiba hapa, ni mitambo tu." Na mitambo ilikuwa mizima! Nilipomuuliza Hamis, fundi wetu wa tangu zamani, akasema, "Muulize mwenye televisheni." Mama hata hayumo kwenye habari hiyo, alikuwa Vwawa kwa mama mdogo, mwenyewe akiumwa tumbo, nakumbuka alirudi amekonda, amejifunga khanga tumboni kwa nguvu, akakataa kunipakata.

Mdogo wangu Aliko anasema mbona rahisi, baba alikuwa na mwanamke Nakonde, ng'ambo ya mpaka, akafa, akamlilia kimya kimya mama akiwa hayupo. Eti nimuulize hapohapo mubashara, atashindwa kukwepa. Nimuulize? Nampenda baba, lakini nikikaa na swali hili nitapasuka.

Tukuswiga, Tunduma

Marahaba, Tukuswiga mwanangu. Kwanza pumua. Pili, mwambie huyo Aliko afunge domo lake. Mwanamke wa Nakonde, nani kamwona? Hata jina lake hamlijui, na tayari mmeshamzika!

Udadisi si dhambi, hata mimi barua yako nimeisoma mara mbili. Lakini wewe mtengeneza historia umemtoa mama yako kwenye habari, na mimi namwona yuko katikati yake. Mwanamke anaumwa tumbo, anarudi amekonda, amejifunga khanga tumboni. We binti, hujawahi kuona mzazi? Huyo alikuwa ametoka kujifungua, na mtoto hukumwona.

Mimi nimelelewa Ileje, kwa hiyo nakwambia tulivyofanya kwetu. Kichanga kikifa kabla hakijapewa jina, kinazikwa na akina mama peke yao. Hakuna turubai, hakuna matanga, na baba mtu haruhusiwi kulia mbele za watu. Anaambiwa, "Mtapata mwingine," arudi kazini. Naweza kukosea, sikuwepo. Lakini ninachokiona ni mwanaume aliyenyimwa matanga, akaona uchungu umezidi, akazima televisheni yake. Watu walipobisha hodi akaona haya, akasingizia mitambo.

Na wewe unataka umwekee kamera usoni, mji mzima ukitazama, umuulize habari za hawara? Thubutu!

Hilo swali litoe kwenye kipindi leo hii. Kipindi kitajaa bila hilo, una dishi, una nyaya, una malori. Kisha nenda kwa mama yako jikoni, mkichambua maharage, na simu yako uiache chumbani, nawajua nyie watu wa kurekodi. Sema tu, "Mama, ule mwaka uliokwenda Vwawa, uliumwa nini?" Akikataa, mwache, endelea na maharage. Akikueleza, mwombe ruhusa uende kwa baba. Kama nimekosea, utakuwa umeongea na mama yako, hasara iko wapi?

Na kama nimepatia, usimuulize baba kwa nini alificha. Muulize mtoto alikuwa wa kike au wa kiume, halafu unyamaze umsikilize. Sidhani kama kuna mtu amewahi kumuuliza.