Niazime Taa Yako

Nyumba ya nyuma ya kinyozi,
Chumba cha juu.
Jumapili, tarehe 9 Juni.

Mpendwa mdogo wangu Kidoti,

Nakusalimu kwa mapenzi mengi. Hujambo huko uliko? Ule mguu uliokuwa ukivimba ukisimama sana umepoa? Na shemeji yangu hajambo? Na mwanangu huyo mdogo, ameshaota meno ya mbele, au bado anacheka kama babu?

Sisi huku tu wazima. Mama anakula vizuri, ila analalamika kwamba ngazi za nyumba hii zimeongezeka, ingawa ni zile zile. Wanao wanasoma. Mkubwa ameanza kunipita kwa kimo na anajifanya hajui. Mimi naendelea. Nasema naendelea kwa sababu sijapata neno jingine. Usiku nikiamka bado nauzunguka upande wa kitanda wa marehemu shemeji yako kwa uangalifu, kama mtu asiyetaka kumwamsha mwenzake.

Barua yako ilifika. Nilimsomea Mama kwa sauti, kisha nikairudia peke yangu jikoni. Pole yako ya msiba ilikuwa mistari miwili, na habari ya taa yako ya kazini ilikuwa kurasa tatu. Sikulaumu, mdogo wangu. Mtu huandika kinachomjaa. Lakini nitakuwa mnafiki nikikuficha: nilikuonea wivu hadi chai ikapoa mkononi.

Unaikumbuka redio ya Baba? Watu walimwita Fundi Kimya kwa sababu ya masikio yake mazito, naye jioni akitoka kwenye mbao zake alikuwa akiweka kiganja juu ya redio ili asikie taarifa ya habari kwa mkono. Sisi wawili, tuliorithi masikio yale yale, tulikuwa tukigombania kuweka vyetu. Wewe kila siku uliwahi upande wa spika. Mimi nikabaki na upande wa betri, nasikia ngurumo ya mbali tu kama tumbo la mtu mwenye njaa. Nilidhani wivu ule uliisha tulipokua. Kumbe ulikuwa umelala.

Ngoja nikueleze yaliyonipata, kwa sababu katika barua yangu ya msiba sikuyagusa.

Unajua nashona katika kiwanda cha sare za shule, lakini sidhani niliwahi kukueleza kazi yenyewe. Mimi nashonea mifuko ya kifuani, ile yenye nembo. Mashati yote ni meupe, yamefanana kama mayai. Mfuko ndio unaosema hili ni la shule gani. Oda ya shule moja ikiisha, kengele inalia ukutani, na kila mmoja anageuka nyuma kuchukua kapu la shule inayofuata. Sasa kwa ngurumo ya mashine zile, kengele hiyo sijawahi kuisikia hata siku moja.

Aliyekuwa akiisikia kwa niaba yangu ni shemeji yako. Yeye alikuwa akitia vifungo, tumekaa meza moja, tumeelekeana. Kengele ikilia aligonga meza kwa goti, chini kwa chini, mara mbili. Nikahisi kwenye viganja vyangu, nikageuka na wenzangu. Hatukuwahi kupatana kwamba itakuwa siri. Tulifanya hivyo tangu wiki ya kwanza ya ndoa, ikawa kama kupitishiana chumvi mezani. Kiwanda kizima hakikujua.

Nilipomaliza kukaa msiba nilirudi kazini. Kwenye kiti chake alikuwa amekaa mwanamke mmoja mwema, mwenye maneno mengi, tunamwita Kasuku. Kengele ikalia, watu wakageuka, mimi nikaendelea kushona. Usidhani nilisahau kwamba amekufa. Kichwa kilijua, Kidoti. Ni viganja ndivyo vilivyokuwa vikimngoja.

Oda nzima ya shule ya pili ikatoka na nembo ya shule ya kwanza. Walionizunguka hawakuona, maana kila mtu anaangalia sindano yake. Mzigo ulirudishwa na mwalimu mkuu mwenyewe. Kasuku alicheka hadi akashika mbavu, akaniambia, "Shoga, umehamisha watoto shule nzima bila barua ya uhamisho." Nami nilicheka. Ilikuwa mara ya kwanza kucheka tangu mazishi.

Msimamizi wetu hakucheka. Huyu tunamwita Bwana Rula, kwa sababu hatembei bila rula mkononi, hata chooni anakwenda nayo. Alisimama nyuma yangu akaniita. Nikaendelea kushona. Akaita tena. Aliponigusa bega kwa rula na nikashtuka, ndipo akajua. Siku ile ile niliondolewa kwenye mashine nikapelekwa chumba cha mwisho, kukata nyuzi zinazoning'inia. Tunakaa juu ya vigoda na mikasi midogo. Wenzangu humo ni wasichana walioajiriwa juzi, wananiita Bibi, na nyuzi zinaingia hadi puani.

Sasa ndipo ilipofika barua yako. Masikio yale yale ya Fundi Kimya, wewe kwenye chumba cha kufulia cha hoteli, mimi kiwandani. Wewe nawe walikunyima nafasi ya juu kwa sababu mashine ikimaliza hupiga filimbi nawe husikii. Wewe ukaenda kwenye baraza la usawa la nchi hiyo uliyohamia, na wakamwita mwajiri wako, na yeye ndiye aliyetakiwa aeleze. Halafu wakaja mafundi kukufungia taa nyekundu juu ya mashine, ukapewa na nafasi yako. Unaandika kwamba inawaka "kama jicho la mtu anayekupenda". Sentensi hiyo niliifunika kwa kiganja, sikutaka kuiona.

Lakini wivu nao una miguu, ulinipeleka mahali. Nilichukua barua yako nikaenda ofisi ya msaada wa kisheria, iliyo juu ya duka la vioo. Wakili wa pale ni binti mdogo, angeweza kuwa mwanetu. Nilipenda kitu kimoja: nilipomwambia naona maneno kuliko ninavyoyasikia, alihamisha kiti chake akakaa ameelekea dirisha ili mwanga umpige usoni, na tangu hapo hakugeuza kichwa akizungumza.

Nilimuuliza kama sisi hatuna sheria. Akasema tunayo, na akanionyesha. Imeandikwa vizuri mno kwamba hakuna mtu atakayebaguliwa kwa sababu ya ulemavu, kazini au popote. Nikauliza, sasa kasoro iko wapi? Akanieleza taratibu, nami nakuandikia nilivyoelewa. Kwetu mwenye kulia ndiye anayeulizwa machozi yametoka wapi: ni mimi nithibitishe kwamba Bwana Rula alinibagua. Kwenu, ukishaonyesha sababu ya kutilia shaka, mzigo unahamia kwa mwajiri, athibitishe yeye kwamba hakubagua. Tena sheria yenu inamtaka mwajiri abadilishe vitu kidogo ili mtu afanye kazi yake. Yetu inakataza ubaya, lakini haijasema wazi kwamba kuna mtu ana wajibu wa kufunga taa.

Usidhani nilikuonea wivu wewe peke yako. Nilimwandikia kwenye simu mtoto wa mjomba, yule dereva aliyekatwa mguu. Nchi aliyohamia yeye ina sheria ya namna nyingine kabisa: kila kampuni kubwa lazima iweke nafasi kadhaa kwa wenye ulemavu, isipofanya hivyo inatozwa faini. Nikamwambia ana bahati. Akanijibu, "Dada, mimi nimeajiriwa kama kilivyo kizima moto. Nimetundikwa ukutani mkaguzi anione." Hakuna anayempa kazi. Anakaa langoni, anasalimia magari. Basi wivu wangu kwake ukapungua. Kwako haukupungua. Wewe wamekupa kazi na wanaitaka.

Wiki iliyopita tulikutanishwa ofisi ya kazi: mimi, wakili, Bwana Rula, na afisa kazi, mzee mpole anayeramba kidole kila akifungua karatasi. Kasuku alikuja kuwa shahidi wangu. Bwana Rula aliweka rula mezani akasema hajambagua mtu. "Kengele ni moja kwa wote," alisema. "Simpigii huyu kwa sauti ndogo na yule kwa sauti kubwa. Kama huo si usawa, nionyesheni usawa ulivyo."

Nikwambie kweli, aliponyamaza nilimwamini kidogo. Lilikuwa neno zuri. Ndipo wakili akasema kwamba katika nchi anakofanya kazi mdogo wake mama huyu, kengele moja kwa wote ndiyo hasa iliyohukumiwa. Huko wanasema unaweza kumbagua mtu kwa kumtendea sawasawa na wengine, ikiwa usawa huo unamwacha yeye nje. Afisa kazi akaramba kidole, akauliza hilo limeandikwa wapi kwetu. Wakili akasema halijaandikwa, na wala halijakatazwa. Hakuna aliyewahi kuliuliza.

Hapo Kasuku akanyoosha mkono kama mtoto wa shule. "Jamani, mbona mnajichosha? Mrudisheni mezani. Mimi nitamgonga. Nitamgonga hadi avimbe."

Chumba kizima kilicheka, na Bwana Rula naye akatabasamu, nikaona ana meno mazuri. Akakubali palepale. Nirudi kwenye mashine yangu, Kasuku anigonge, maneno yaishe. Afisa kazi akaanza kuandika makubaliano. Kila mtu alinitazama kama mtu anayetazama mgonjwa aliyepona.

Mimi nilikuwa naifikiria suruali ya kazi ya shemeji yako. Goti la kulia lilikuwa likitoboka kila mwaka, nami nalitia kiraka cha vitambaa vya sare, kimoja juu ya kingine, nikimgombeza kwamba anatambaa kama mtoto. Nilipokuwa nakunja nguo zake kuzigawa ndipo nilipotulia na suruali ile mkononi nikaelewa. La kushoto lilikuwa zima kabisa. Ile sikuigawa.

Nikawaambia siwezi kutia sahihi. Nilimshukuru Kasuku, maana alitoa alichonacho. Lakini Kasuku atachelewa, ataugua, atahamishwa meza, ataolewa tena huyu, hatabiriki. Mtu akikusikilizia kwa mapenzi, siku akiondoka anaondoka na masikio yako. Mimi nimeshazika goti moja, sina nguvu za kuzika la pili. Nataka kitu kilichopigiliwa ukutani, kisicho na moyo, kitakachoniwakia hata siku niliyokosana na watu wote.

Bwana Rula akasema basi nirudi kwenye nyuzi, na nimerudi. Afisa kazi ametupa hadi mwisho wa mwezi huu. Baada ya hapo wakili atalipeleka shauri mahakamani. Tukishindwa, hata vigoda sina uhakika navyo. Mama anasema nina kichwa kigumu. Nimemwambia ni cha mumewe.

Sasa nafika kwenye ombi langu. Wakili anasema hukumu ya nchi nyingine haimfungi hakimu wetu, lakini inaweza kumshawishi, ikiwa ataisoma na kuona watu wenye akili zao wameamua hivyo na hoteli haikuanguka. Naomba utoe nakala ya uamuzi wa baraza lako, kurasa zote, uutume kwa njia ya haraka. Piga na picha ya taa ikiwa inawaka. Simama pembeni yake ili wenye kiwanda waone ukubwa wake, ni kitu kidogo kuliko sufuria. Usinitumie nguo wala sabuni safari hii. Nitumie hicho.

Najua ni ajabu kumwomba mtu kitu huku unamwonea wivu kwa hicho hicho. Lakini nafuu nikuombe kuliko nikununie. Upande wa spika ulikuwa wako miaka yote, Kidoti. Safari hii sogea kidogo, na mimi niweke kiganja.

Msalimie shemeji yangu, na umbusu mtoto kwenye kisogo. Mama anakusalimu na anauliza kama huko unavaa viatu vya joto. Wanao wanakusalimu, mama yao mdogo. Kasuku, ambaye hukuwahi kumwona, anakusalimu sana na anasema taa yako imemnyima kazi ya kunipiga.

Mungu akulinde kazini na njiani, awashe mbele yako na asizime nyuma yako. Taa yako isiungue. Nasema hivyo kwa moyo mweupe, na nimejipima kabla ya kuandika.

Wako akupendaye, hata akikuonea wivu,

Dada yako.