Jina Lako Katika Wimbo wa Baba

Kemambo, 9 Agosti 1956

Kaka Athanas,

Huko seminari u mzima? Sisi hatujambo, na mtamba wako wa madoa amezaa dume.

Amekuja Mzungu anayechunguza nyimbo za vita za Wayunani wa kale, hao unaowasoma wewe. Anataka kujua walitungaje bila kuandika, ndiyo maana anamsikiliza Baba akiimba na kupiga nyuzi za litungu lake. Juzi Baba aliimba ule uvamizi wa kuteka ng'ombe wa Kerende, akasema wewe ndiye uliyemchoma mkuki mlinzi wao. Wewe, uliyekuwa darasani! Alitaka kukusifu tu. Mwaka jana mahali hapohapo katika wimbo alimtaja mjomba Machage. Lakini safari hii yameandikwa, na karani aliyeandika ni mdogo wa huyo mlinzi aliyeuawa. Hakuinua macho.

Nilimsihi Baba, jana akaimba tena bila jina lako. Mzungu alifurahi mno, akasema nyimbo zote mbili ni hazina. Karani akaomba kunakili ule wa kwanza tu, aende nao kwao Kerende.

Likizo hii usije, kaka.

Mdogo wako,
Robi