Kunde za Traore

Jumapili, 29 Januari

Nina miaka themanini, au kasoro kidogo. Mama alisema nilizaliwa mwaka wa nzige, na nzige walikuja miaka mingi. Nimezishinda njaa kubwa zote mbili. Nimezika wake wawili (Niele ni wa tatu, anasema hana haraka ya kuwafuata). Nimemwona Mfaransa akikunja bendera yake. Marais wamepinduliwa nami ninapalilia. Na kila aliyejaribu kunipita katika koteba, yuko kaburini au amekaa kimya.

Naandika kwa herufi za darasa la wakulima wa pamba. Mkono wangu hukwaruza kama kuku. Lakini kuku hushiba!

Jumapili ijayo ni tamasha letu hapa Falabugu. Kila mwaka uwele ukishaingia ghalani, tunacheza koteba: tunawaigiza wakubwa mbele ya macho yao. Mkuu wa kijiji, imamu, bwana pamba, mume mwenye mkono mwepesi. Aliyeigizwa haruhusiwi kukasirika. Kisha duara halivunjwi. Watu hukaa pale pale wakasema yanayowakera, na wakubwa hujibu. Mwaka juzi tulimcheza yule aliyeficha ufunguo wa pampu ya maji. Jua lilipozama, ufunguo ulikuwa kwa wanawake. Hiyo ndiyo koteba!

Mwaka huu Sitan anataka tuseme lile lisilosemwa. Sitan ni mjukuu wangu, amesoma mjini Segu, ndiye anayeongoza tamasha. Lisilosemwa ni watu wa porini, wale wa bunduki na pikipiki. Wanachukua ndama zetu na kuita zaka. Ng'ambo ya mto wamepiga marufuku ngoma. Sitan akauliza nani atamcheza Mkubwa wa Porini.

Soungalo mpiga ngoma, rafiki yangu tangu jando, akawa anachunguza kidole chake cha mguu. Vijana wenye vifua kama milango wote wakakumbuka mbuzi wao hawajafungwa.

Nikasema, mnatafuta nini na mimi nipo?

"Mume wangu mzee," Sitan akasema, "wewe umeshachakaa."

"Nani kachakaa? Nitakuoa upya hapa hapa, bila mahari!"

Wakacheka. Nikapewa.

Njiani kurudi nilijifunga blanketi mara mbili. Baridi ya Januari hiyo.

Jumanne, 31 Januari

Leo nimefanya jambo. Sijui nimefanya nini.

Nilikuwa kwenye kisima cha shamba la pamba, nanywesha punda. Pikipiki ikaja. Sauti ile – siku hizi hata kuku wakiisikia hunyamaza. Mtu mmoja, kilemba mpaka puani, miwani ya vumbi. Akaomba maji. Akasalimia salamu ndefu, Kibamana chetu safi: habari za nyumbani, za wake, za mifugo. Mtu aliyelelewa. Nikamuuliza ukoo wake.

"Traore."

Traore! Na mimi Diarra! Akili ikaruka ukuta. Diarra anajua tangu tumboni kwamba Traore ni mtani wake. Humtukana atakavyo, naye hutukanwa, na damu haimwagiki kati yao. Atakayeimwaga ataoza angali anatembea. Basi mdomo haukuniomba ruhusa. Nikamwambia: "Ah, mtumwa wangu! Nani kakuazima pikipiki? Nyinyi Traore, kwa kunde mnazokula, si mnakwenda kwa upepo wenu wenyewe bila petroli!"

Traore wote niliowajua wangenirudishia kabla sijafunga kinywa. Huyu hakujibu. Akavua miwani. Akaifuta kwa pindo la shati, polepole. Bega lake la kushoto limelala, kama la mtu aliyezoea kubeba kitu upande mmoja.

Kimya kile kikanitia hofu. Na mimi nikishikwa na hofu, hujisifu. Nikamwambia njoo Falabugu Jumapili, utamwona bingwa. Nitakuwa Mkubwa wa Porini! Nitawachekesha mpaka wajikojolee!

"Jumapili," akasema. "Saa ngapi?"

Nikamwambia. Ee Mungu, nikamwambia na saa!

"Tutaonana, mzee."

Alipogeuza pikipiki nikaona kitu kirefu kimeviringwa ndani ya mkeka, nyuma ya kiti. Huenda ni jembe. Nani anasafiri na jembe mwezi wa Januari?

Jumatano, 1 Februari

Sikulala. Sijamwambia mtu. Pikipiki mbili zimepita mbali, au ni moja iliyorudi. Niele anasema nimekuwa mpole tangu jana, anauliza kama nimeumwa na nyoka.

Alhamisi, 2 Februari

Mazoezi leo. Baiskeli mbovu ndiyo pikipiki, bua la uwele ndiyo bunduki. Nilikuwa nimepanga kumcheza mtu mnene, tumbo la mito, mpumbavu ambaye hafanani na yeyote. Mtu wa kuchekesha tu, nisimkere mtu.

Nikaingia. Bega la kushoto likashuka lenyewe! Mkono ukavua miwani isiyokuwapo, ukaanza kuifuta. Polepole. Watu walikuwa wanacheka, wakaacha. Soungalo akakosa pigo – na Soungalo hakosi pigo hata akiwa na homa.

Sitan peke yake akapiga makofi. "Babu, huyo ndiye! Umemtoa wapi?"

Kichwani, nikasema.

Jioni nimejaribu kumtoa mwilini. Nimemcheza yule mnene uani, mbele ya mbuzi. Hatua mbili tatu, bega chini. Hii ndiyo tabu ya kuwa bingwa. Wengine huvaa mtu kama shati. Mimi akiniingia, hatoki mpaka achezwe.

Habari za ng'ambo ya mto: harusi ya kijana Tiebala imevunjwa. Ngoma zimechanwa kwa visu, mpiga ngoma kachukuliwa, hajaonekana. Niliuliza huyo ni wa ukoo gani, isije ikawa ni Diarra. Hakuna aliyejua.

Basi nimemwambia Niele. Alikuwa anatwanga, akauacha mchi ndani ya kinu.

"Baba Musa," akasema, "mdomo wako utakuzika, na sisi tukiwa pembeni yako."

Kisha akaniuliza tena, alisema ni nani?

"Traore."

Akafikiri sana. "Huenda hata huko porini bado ni Traore."

Akautoa mchi akaendelea. Huenda! Nimelalia neno hilo kama mtu aliyelalia jiwe.

Ijumaa, 3 Februari

Baada ya sala, wazee na vijana wote kwa mkuu wa kijiji. Nikasimama nikasema yote, kisima, kunde, kila kitu. Kelele! Fakuru mwenye duka alinyanyuka kabisa. "Mzee Zanke, hata saa umewapa? Hukuwachorea na ramani?"

Nilijibu ningemchorea na duka lake. Hakuna aliyecheka.

Mkuu alitaka kuahirisha. Wengi walitaka. Hapo imamu akaomba kusema. Mwaka jana tulimwigiza anasinzia katikati ya hotuba yake mwenyewe, nikadhani leo atalipiza. Akasema yeye ngoma hazipendi, Mungu anajua. Lakini, akasema, mlinicheka usoni, hamkunicheka mgongoni, na mimi nikasema yangu na mkanisikiliza. Tukiacha kukaa pamoja duarani tutaanza kunong'onezana majumbani, huyu anawapelekea habari wa porini, yule anawapelekea wanajeshi. Kijiji kinachonong'ona hakihitaji adui.

Wakakubali. Mchana kweupe, tamasha liwe fupi, watoto wachanga wabaki nyumbani.

Sitan akasema tamasha liwepo, lakini Mkubwa wa Porini aondolewe. Tuicheze ile ya pampu tena.

Moyo wangu ulisema: ndiyo, mwanangu, ndiyo, Mungu akupe watoto wengi. Mdomo ukasema: "Diarra hamkimbii Traore!"

Mdomo huu! Wakapiga makofi. Fakuru naye alipiga. Sitan hakupiga.

Nje akanifuata. Akaniambia si lazima niwe shujaa. "Baba alikwenda Ulaya kwa njia ya jangwani, akanyamaza mpaka leo. Na wewe ukininyamazia, Babu, nitatukanana na nani?"

Nilitaka kumtania. Nikamwombea baraka. Mimi!

Jumamosi, 4 Februari

Bwana mkubwa wa mkoa haji. Barabara si salama, anasema. Alikuwa ndiye wa kujibu habari za ndama na ulinzi. Ametuma salamu na sanduku la fulana, kifuani zimeandikwa TUZUNGUMZE. Fulana zimefika, wa kuzungumza naye hakufika. Soungalo kavaa mbili, moja juu ya nyingine, anasema moja ni ya risasi. Nikamwambia anyamaze.

Niele kafunga mzigo. Kaufungua. Kaufunga tena.

Nimekwenda chooni mpaka majirani wameanza kunipa pole.

Jumapili, 5 Februari

Naandikia ndani ya ghala tupu nyuma ya uwanja. Zamu yangu ni ya pili.

Asubuhi Niele alifungua mlango akapiga yowe. Kizingitini pana kibuyu, kimefunikwa kawa. Ndani yake kunde! Zimepikwa, bado za moto, siagi ya mti wa shea inayeyuka juu. Hakuna aliyemwona mletaji. Mchangani alama ya tairi, imekuja, imerudi.

Soungalo alicheka mpaka akakaa chini. "Amejibu! Mtani kajibu! Anasema mla kunde ni wewe. Umepona, ndugu yangu, na sisi wote tumepona!"

Sitan hakucheka. "Anakuambia mlango wako anaujua, Babu. Hukumwelekeza mlango. Au ulimwelekeza?"

Sikumwelekeza.

Niele akampa kuku punje chache. Kuku amekula, yu hai, anadai nyongeza. Hilo halijanisaidia kitu. Sumu siiogopi. Naogopa kwamba Soungalo amekosea. Naogopa pia kwamba amesema kweli, na kwamba yule mtu ni Traore kwelikweli, na wenzake atakaokuja nao si Traore.

Uwanja umejaa! Sikutegemea. Ngoma katikati, watoto wakubwa wamezizunguka, kisha wanawake, kisha wanaume, mzunguko ndani ya mzunguko kama gamba la konokono. Imamu yuko mbele, tasbihi mkononi. Wanamcheza mume mvivu. Watu wanacheka kicheko kifupi, shingo zimeelekea njiani.

Pikipiki.

Moja. Hapana, mbili. Moja imezima mbali, upande wa mashamba.

Ngoma imesita. Soungalo kaishika tena, Mungu amzidishie. Mume mvivu anaendelea kusema maneno yake, sauti imekuwa ya mtoto.

Namwona kwa ufa wa ukuta. Kilemba. Bega. Wanaume wanampisha. Hajakaa. Mkeka kaukumbatia, sioni kama umefungwa au umefunguliwa. Macho yangu yalikuwa macho ya mwewe, yananiacha leo!

Anafuta miwani.

Sitan ameingia. Kanishika mikono yote miwili. "Mcheze yule mnene wa mito. Nakuomba, mume wangu." Nimesema ndiyo. Amenifunga mto tumboni kwa khanga ya bibi yake, kafunga fundo mara mbili. Amelia kidogo, kajifuta, katoka kwenda kumtangaza bingwa.

Nimesimama nijaribu. Tumbo la mnene, ndiyo. Na bega limeshashuka.

Basi.

Niele ameniletea kibuyu humu ghalani, nimekula kunde. Kiganja kizima, si punje. Niele kanitazama nikila. Zina chumvi ya kutosha. Huyo aliyepika anajua kupika, au ana mke anayejua.

Soungalo anapiga pigo langu.

Kama kuna atakayebisha kwamba Zanke Diarra aliingia uwanjani kwa miguu yake, amuulize Soungalo, ndiye aliyeniita kwa ngoma. Amuulize Niele, kibuyu bado anacho mkononi. Amuulize imamu, hasemi uongo. Na amuulize Traore mwenyewe, maana ndiye atakayekuwa karibu yangu kuliko wote. Hakungoja mazungumzo ya mwisho, keshavuka mzunguko wa wanaume, sasa wa wanawake, anakwenda katikati na mkeka wake. Kilemba kakishusha kidevuni. Midomo yake inatikisika, na kwa hapa nilipo sijui kama ni kicheko au ni dua. Naweka kalamu, naingia.